Herufi Zisizosomeka, Lakini Zinazoamrisha

Tarehe 11 Machi, 1968, Rais Lyndon B. Johnson wa Marekani alitia saini waraka mmoja usiohusu vita wala uchaguzi. Waraka ule uliagiza kwamba kompyuta zote zitakazoingizwa katika idara za serikali kuu ya nchi hiyo kuanzia tarehe 1 Julai, 1969, lazima ziwe na uwezo wa kutumia utaratibu mmoja wa kuzipa herufi namba, utaratibu uliotangazwa kwa mara ya kwanza mwaka 1963 na unaojulikana kwa ufupisho wa ASCII. Nchi ile, ambayo haichoki kuihubiria dunia uhuru wa soko, iliona kwamba katika jambo hili soko peke yake halitoshi. Kampuni ya IBM, iliyokuwa kubwa kuliko zote katika kazi hiyo, ilikuwa imekwisha kutoa mwaka 1964 mashine zenye utaratibu wake wenyewe, na kama kila kampuni ingeachiwa kuzipa herufi namba inazozitaka, idara moja ya serikali isingeweza kuisoma barua ya idara ya pili bila ya mkalimani.

Tunaukumbusha waraka huo leo kwa sababu sisi Visiwani tumo katika kazi iyo hiyo. Madaftari ya vizazi, ya ardhi, ya leseni na ya mishahara, ambayo jana yalikuwa ya karatasi na wino, yanahamia katika kompyuta, na aghalabu mazungumzo yetu juu ya kazi hiyo huishia katika bei ya mashine, kasi ya mtandao na semina za makarani. Ni nadra kumsikia mtu akiuliza swali lililo chini ya yote hayo, nalo ni hili: ndani ya mashine ile, herufi ya jina la mwananchi huwa ni kitu gani?

Huwa ni namba. Kompyuta haijui alifu wala A. Haijui ila hali mbili tu, kuwako umeme na kutokuwako, ambazo wataalamu huziandika moja na sifuri. Mwenye kutaka kuelewa namna hali mbili zinavyoweza kubeba maandishi na afikirie mashua saba za wavuvi wa dagaa zilizopangwa mstari mmoja usiku wa giza, kila moja ina karabai yake, na kila karabai ama imewashwa ama imezimwa. Mashua moja ina hali mbili, mashua mbili zina hali nne, tatu zina nane, na zikifika saba mtu aliyesimama pwani anaweza kuona mipango 128 iliyo mbalimbali. Zipewe mashua hizo thamani, ya kulia kabisa 1, inayofuata 2, kisha 4, 8, 16, 32, hata ya kushoto kabisa 64, na kila mpango utakuwa na namba yake. Herufi kubwa A ni 65, yaani karabai ya 64 inawaka na ya 1 inawaka, zilizobaki zote ni giza: 1000001. Herufi ndogo a ni 97, nayo ni karabai zile zile mbili pamoja na ya 32. Waliopanga utaratibu huo hawakubahatisha. Kila herufi kubwa imetofautiana na ndogo yake kwa karabai moja tu, ili mashine iweze kuigeuza moja kuwa nyingine kwa tendo moja.

Wazee wetu hawatalishangaa jambo la herufi kuwa na namba. Wanaijua hisabu ya abjadi, ambayo ndani yake alifu ni 1, be ni 2, jimu ni 3, dali ni 4, hata ghaini ni 1000, na kwa hisabu hiyo wanazuoni waliweza kuificha tarehe ndani ya maneno. Lakini katika abjadi kila namba ina herufi ya kutamkwa. Katika ASCII sivyo. Kati ya mipango ile 128, iliyo na sura ya kusomeka ni 95 tu, tukihesabu na nafasi iliyo baina ya neno na neno. Iliyobaki 33 haina sura, haichapwi, haitamkwi. Hiyo ni amri.

Aliyepita chuoni kabla ya kuingia skuli, kama tulivyopita sisi, amezizoea alama za namna hii tangu utotoni. Juu ya mstari wa msahafu huwekwa mimu ndogo, na maana yake ni kwamba msomaji lazima asimame. Huwekwa lamu-alifu ndogo, na maana yake ni kwamba hapo asisimame. Huwekwa jimu ndogo, na kusimama ni hiari yake. Hapana mwanafunzi aliyeitamka mimu ile kwa sauti, na akitokea aliyeitamka, mwalimu alijua la kumfanya. Alama ile haimo katika maneno, imo katika maagizo ya kuyasoma maneno. Herufi za amri katika kompyuta ni jamaa ya alama hizo, ila anayeamrishwa si mtu, ni mashine.

Nazo hazikuzaliwa na kompyuta. Zilizaliwa katika simu za waya. Mwaka 1874 fundi wa Kifaransa, Émile Baudot, alipata hataza ya mtambo wa simu uliotumia alama tano za umeme kwa kila herufi, na kwa heshima yake kasi ya mitambo ya mawasiliano imepimwa kwa kipimo cha bodi hata katika zama za kompyuta. Karabai tano hutoa mipango 32 tu, nayo haitoshi kwa herufi 26, tarakimu kumi na alama za kituo. Ndipo ikabuniwa hila nzuri: mpango mmoja uwe na maana ya "kuanzia hapa soma herufi", na mwingine uwe na maana ya "kuanzia hapa soma tarakimu". Kwa njia hiyo mpango ule ule mmoja huweza kuwa herufi au tarakimu kwa kutegemea amri iliyotangulia. Hila hiyo ina gharama yake. Amri moja ikipotea njiani kwa radi au kwa waya mbovu, simu nzima iliyobaki hugeuka tarakimu zisizo maana, ingawa kila alama yake imefika salama. Yafaa viongozi wetu wauzingatie mfano huo, kwa kuwa tutakutana nao tena mbele.

Mwanzoni mwa karne ya 20 Donald Murray, mzaliwa wa New Zealand, aliupanga upya utaratibu wa Baudot ili utumike katika mashine za kutoboa utepe wa karatasi, na herufi zinazotumika sana akazipa matundu machache ili mashine isichakae upesi. Yeye ndiye aliyeingiza amri mbili ambazo zingali hai katika kila kompyuta hivi sasa: kurudisha kichwa cha kuchapia mwanzo wa mstari, na kusogeza karatasi mstari mmoja. Katika ASCII amri hizo zilipewa namba 13 na 10. Ni amri mbili, si moja, kwa sababu katika mashine ya teleprinta yalikuwa ni matendo mawili ya vyuma mbalimbali. Teleprinta mashuhuri ya Teletype namba 33, iliyotoka mwaka 1963, ilichapa herufi kumi kwa sekunde, na kichwa chake hakikuweza kurudi kutoka mwisho wa mstari hadi mwanzo katika muda wa herufi moja. Ikatangulizwa amri ya kurudi, ikafuatiwa na ya kusogeza karatasi, na kichwa kikapata muda wa kufika.

Vyuma vile sasa vimo katika majumba ya makumbusho, lakini ugomvi wake umebaki. Mifumo ya jamii ya Unix ilitosheka na 10 peke yake kuwa mwisho wa mstari. Ile ya Microsoft ilishika zote mbili, 13 na 10. Na mashine za Apple, mpaka zilipobadili mfumo mwaka 2001, zilitumia 13 peke yake. Kwa ajili hiyo karani aliyeletewa orodha ya majina iliyotengenezwa kwa mfumo mmoja aliifungua katika mfumo mwingine akakuta majina yote yamefuatana mstari mmoja mrefu usiokwisha. Programu ndogo ya kuandikia iliyomo katika kila mashine ya Windows ilikubali kuutambua mstari unaomalizwa na 10 peke yake mwaka 2018 tu, yaani miaka hamsini kamili baada ya waraka wa Johnson.

Amri nyingine zina visa vyake. Namba 7 ni kengele. Ilipofika kwenye teleprinta haikuchapwa kitu, ila kengele ililia. Katika vyumba vya habari ilikuwa desturi kwa mashirika ya habari kuipeleka mara kadhaa kabla ya habari nzito, ili mhariri aliyesinzia ainuke. Mbiu ya mgambo ikilia ina jambo, na mbiu hiyo ilikuwa herufi. Namba 127, ambayo karabai zake zote saba zinawaka, ni amri ya kufuta, na sababu yake ni utepe wa karatasi: tundu likishatobolewa halizibiki, kwa hiyo aliyekosea herufi aliurudisha utepe nyuma akatoboa matundu yote saba juu ya kosa lake, na mashine ya kusomea ikafundishwa kuupita mpango huo kana kwamba haupo. Namba 0, isiyo na tundu hata moja, ni utepe mtupu.

Kisha ziko amri za mazungumzo baina ya mashine na mashine, na hizi hufanana mno na adabu za mlangoni kwetu. Namba 5 ni hodi: nani aliyepo huko? Namba 6 ni jawabu la kwamba maneno yamefika salama. Namba 21 ni jawabu la kwamba hayakufika vyema, yarudiwe. Namba 4 ni kuaga. Ili mpokeaji ajue kama maneno yamefika vyema, iliongezwa karabai ya nane ya uhakiki, ambayo huwashwa au huzimwa ili jumla ya zinazowaka iwe shufwa daima. Zikifika witiri, ni dhahiri kuwa kitu kimeharibika njiani. Karani wa bandari ya Wete anayeandika idadi ya magunia ya karafuu katika hati, ili karani wa upande wa pili ahesabu na kulinganisha, anafanya kazi hiyo hiyo, ila yake ni bora zaidi, maana karabai mbili zikiharibika pamoja uhakiki ule wa shufwa hauoni kitu.

Tutaje moja zaidi, kwa kuwa ingali ikiwasumbua watu. Namba 19 ilikuwa ni amri ya kumwambia mpelekaji asimame kidogo, na 17 ni ya kumwambia aendelee. Katika madirisha ya amri wanayoyatumia mafundi wa kompyuta, mtu akigusa kwa bahati mbaya kitufe cha Control pamoja na S, mashine hunyamaza kimya kana kwamba imekufa, na ikiguswa Control pamoja na Q hufufuka. Hapana uchawi. S ni 83, ukiondoa 64 inabaki 19. Q ni 81, inabaki 17. Kitufe cha Control kazi yake ya asili ni hiyo: kuizima karabai ya 64 ili herufi igeuke amri.

Asidhani msomaji kwamba haya ni mambo ya kale tupu. Atazame kisanduku cha dawa kutoka ng'ambo chenye mraba mdogo wa vitone vyeusi na vyeupe. Ndani ya mraba ule mara nyingi mna namba ya bidhaa, tarehe ya mwisho wa matumizi, namba ya fungu la kiwandani na namba ya kisanduku chenyewe. Kwa kuwa namba ya fungu haina urefu maalumu, inapofuatwa na taarifa nyingine ni lazima pawe na alama ya kuonyesha mwisho wake, na mashine ya kusomea huipeleka alama hiyo kwa kompyuta ikiwa ni ASCII namba 29, amri ya kutenga iliyobuniwa katika miaka ya 1960. Programu ya bohari ikiitupa alama hiyo kwa kuwa "haisomeki", namba ya fungu itaungana na namba inayofuata. Siku mtengenezaji atakapotangaza kwamba fungu fulani la dawa lirudishwe kwa kuwa lina madhara, mtunza bohari atalitafuta katika kompyuta na hatalipata, ilhali lipo rafuni mbele ya macho yake.

Sasa tuje nyumbani kabisa. Kiswahili kina bahati ambayo lugha nyingi hazina. Maandishi yake ya Kirumi, yaliyosanifishwa na Kamati ya Lugha iliyoundwa mwaka 1930 kwa kuifuata lahaja ya hapa Unguja, hayana vitone wala vistari vya kuongezewa juu ya herufi. Yote yamo ndani ya zile 95. Wajerumani iliwabidi waziondoe alama za mabano ya mraba ili wapate pa kuziweka herufi zao zenye vitone viwili. Waingereza nao, pamoja na kwamba ASCII ilipangwa kwa lugha yao, waliingiza alama ya pauni mahali pa namba 35. Sisi hatukulazimika kuondoa kitu. Lakini bahati hiyo ina tundu moja, nalo ni ritifaa.

Mji wetu una Ng'ambo, na Pemba katika wilaya ya Mkoani kuna Ng'ombeni. Ritifaa iliyomo katika majina hayo si alama ya kituo, wala si pambo. Ni kipande cha herufi. Kung'oa ni jambo moja na kulilia ngoa ni jambo la pili, na aliyeidondosha ritifaa ameandika neno jingine. Katika zama za taipureta palikuwa na kitufe kimoja cha alama hiyo, na mambo yakaisha. Katika kompyuta ritifaa ni nyingi. Iko iliyonyooka, ya ASCII, namba 39. Iko iliyopinda kama mkia wa koma, namba 8217. Iko namba 700, ambayo kwa sura ni ndugu ya hiyo iliyopinda, ila waliopanga utaratibu wa sasa wa dunia wameiandikisha kuwa ni herufi na si alama ya kituo. Jicho la mtu haliwezi kuzitofautisha hizi mbili za mwisho, na ya kwanza hulitofautisha kwa taabu. Lakini kompyuta haitazami sura, hulinganisha namba, na kwake yeye hayo ni majina matatu ya mitaa mitatu.

Zaidi ya hayo, programu nyingi za kuandikia barua zimetengenezwa ili mtu anapogusa kitufe cha ritifaa iliyonyooka, zenyewe huigeuza iliyopinda bila ya kumuuliza, kwa kuwa waliozitengeneza wanaiona kuwa ni nzuri zaidi. Programu za madaftari hazifanyi hivyo. Karani mmoja akiandika barua ya mzee wa Ng'ombeni katika programu ya kwanza, na karani mwingine akawa amemsajili mzee yuyo huyo katika programu ya pili, kisha jina la shehia likanakiliwa kutoka barua ili litafutwe katika daftari, mashine itajibu kwamba hapana shehia ya jina hilo. Mzee ataambiwa arudi kesho. Hapana aliyefanya hila, hapana aliyelala kazini, na kila herufi imeandikwa sawa mbele ya macho ya kila mtu.

Hata hapo uharibifu haujakamilika. Baada ya ASCII kulipita wimbi la taratibu za karabai nane, zenye mipango 256, na katika utaratibu wa kimataifa uliotolewa mwaka 1987 kwa lugha za Ulaya ya Magharibi, namba za 128 hadi 159 ziliachwa kuwa za amri, mfano wa zile 32 za mwanzo. Kampuni ya Microsoft iliona nafasi hizo zinakaa bure ikaweka ndani yake alama zake, na ritifaa iliyopinda ikapewa 146. Kwa hiyo waraka uliotoka katika mashine ya Windows na kusomwa na mashine iliyoshika utaratibu wa kimataifa barabara ulikuwa na herufi ya amri katikati ya jina la Ng'ambo. Mashine nyingine ziliificha, nyingine zilichora kisanduku kitupu.

Dawa ya vurugu hiyo imekwisha kupatikana, nayo ni utaratibu uitwao Unicode, ambao toleo lake la kwanza lilitoka mwaka 1991 kwa nia ya kuipa kila herufi ya kila lugha namba moja isiyogombewa. Namna yake ya kuandikwa inayotumika zaidi, UTF-8, ilibuniwa mwezi Septemba, 1992 na Ken Thompson na Rob Pike, ambao mchoro wake wa kwanza waliuandika juu ya karatasi ya mezani mkahawani, huko New Jersey. Uzuri wa UTF-8 ni kwamba haikuivunja nyumba ya zamani. Mipango yote 128 ya ASCII imebaki kama ilivyokuwa, na herufi zilizozidi hapo huandikwa kwa mafungu mawili, matatu au manne ya karabai nane nane. Ritifaa iliyopinda huchukua mafungu matatu: 226, 128 na 153.

Lakini UTF-8 nayo inahitaji kutambulikana. Maandishi hayo yakifunguliwa na programu inayodhani kuwa yameandikwa kwa utaratibu wa Windows wa zamani, kila fungu litasomwa kuwa herufi peke yake, na Ng'ambo itatokea Ngâ€™ambo. Wengi wetu tumewahi kuuona uchafu huo katika barua na matangazo, tukadhani kuwa kompyuta ina virusi. Ni ile simu ya Baudot, alama zote zimefika salama ila iliyopotea ni khabari ya namna ya kuzisoma.

Na ritifaa ya 39, ambayo tumeisifu kuwa salama, ina hatari ya namna nyingine. Katika lugha inayotumika kuyahoji madaftari ya kompyuta, alama hiyo ndiyo inayofungua na kufunga maneno. Programu iliyotengenezwa kwa uzembe ikipokea jina Ng'ombeni hudhani kuwa jina limekwisha kwenye Ng, na kwamba "ombeni" ni amri inayoanza. Mara nyingi itakataa na kutoa maneno ya makosa. Lakini mlango huo huo ndio wanaouingilia wezi, kwa kuandika ritifaa na kuifuatishia amri halisi mahali palipotakiwa jina. Programu inayolikataa jina la shehia yetu basi haikutukosea adabu tu. Imetuonyesha kwamba haijui kutenga maneno na maagizo, na daftari lililo nyuma yake huenda liko wazi.

Maandishi ya Kiarabu yanataka maelezo yake, kwa kuwa Visiwani tumeandika Kiswahili kwa herufi hizo muda mrefu kabla ya Kamati ya mwaka 1930, na Nyaraka za Taifa pale Kilimani zina hazina yake. Utaratibu wa kimataifa wa mwaka 1987 wa herufi za Kiarabu ulitosheleza Kiarabu tu. Herufi ya pe yenye nukta tatu haikuwamo, wala che, wala ve, na mtu wa Pemba hakuweza kukiandika kisiwa chake ila kwa kuiazima be, kama walivyofanya waandishi wetu wengi wa zamani. Unicode imezipa herufi hizo namba zake, pe ikiwa 1662. Imezipa namba hata zile mimu na lamu-alifu ndogo za kusimamia tulizozitaja.

Pamoja na hayo shaka zipo. Ye ya Kiarabu ni 1610 na ya Kiajemi ni 1740; zikiwa katikati ya neno sura zao hazitofautiani kabisa, na mwisho wa neno tofauti ni nukta mbili tu, ambazo waandishi wengi hawaziweki. Jina la Ali likiandikwa na makarani wawili waliotumia vibodi viwili mbalimbali linaweza kuwa majina mawili. Tena, kwa kuwa maandishi haya huenda kulia kwenda kushoto na tarakimu zilizomo ndani yake huenda kushoto kwenda kulia, Unicode ililazimika kuongeza herufi mpya za amri, zisizoonekana, za kuielekeza mashine ni upande gani isomee. Zinahitajika, na bila ya hizo hati yenye Kiarabu, Kirumi na namba ya kiwanja huchanganyika vibaya.

Nazo vile vile zimepata wa kuzitumia kwa ubaya. Amri namba 8238 huilazimisha mashine kuyaonyesha maneno yanayofuata kuanzia kulia. Mtu akituma faili ambalo jina lake hasa ni la programu, linalokoma kwa .exe, anaweza kuipachika amri hiyo katikati ya jina ili mpokeaji aone mwisho wake ni .doc, na karani akaifungua programu akidhani kuwa ni barua. Zamani wazee wetu walitosheka kuitazama lakiri ya bahasha. Novemba, 2021, watafiti wawili wa Chuo Kikuu cha Cambridge, Nicholas Boucher na Ross Anderson, walitangaza kwamba kwa amri za namna hiyo hata maandishi ya programu yenyewe yanaweza kumwonyesha mkaguzi jambo moja na kuitendesha mashine jambo la pili.

Wapo watakaosema kwamba haya ni ya mafundi, na kwamba kiongozi ana makubwa zaidi ya kufikiri. Hatukubaliani nao. Fundi anayeuza programu hajui kuwa kuna Ng'ombeni, na hana sababu ya kujua mpaka mnunuzi amwambie. Mahali pa kumwambia ni katika hati za zabuni, ambazo huandikwa na maafisa wa serikali. Zinaweza kutaja kwa sentensi moja kwamba maandishi yote yatunzwe na kupelekwa kwa UTF-8. Zinaweza kutaja kwa sentensi ya pili kwamba ritifaa katika madaftari yote ya majina na mahali ni ile namba 39, ambayo ipo katika kila kibodi, na kwamba programu izipokee nyingine zote na kuzigeuza kuwa hiyo kabla ya kuzitunza. Wataalamu wa lugha watatuambia kuwa 700 ndiyo iliyo sahihi zaidi, na kwa elimu wana haki. Lakini daftari ni la karani wa shehia, na karani wa shehia hana kitufe cha 700. Sentensi ya tatu ni kwamba jina lolote lenye herufi ya amri isiyotakiwa lionyeshwe kwa karani, lisimezwe kimya kimya.

Majaribio hayahitaji mtaalamu wa kutoka nje. Kabla programu haijapokewa, karani wa kawaida akae mbele yake, aandike Ng'ombeni kwa ritifaa zote tatu, atafute kila moja aone kama zote zinamfikisha kwenye shehia ile ile. Aandike Pemba kwa pe yenye nukta tatu. Anakili orodha ya majina kutoka mashine ya mfumo mwingine. Kisha aichape hati kwenye karatasi na kuisoma kwa sauti mbele ya afisa atakayeidhinisha malipo. Ikitokea Ngâ€™ombeni, programu irudi kwa aliyeiuza, na hundi ibaki mtotoni.